Elimu ya Qaruni na Historia ya Neno Kimiyaa

Nakala ya darsa iliyotolewa baada ya sala ya tarawehe, usiku wa ishirini wa Ramadhani, Farsta

Bismillahir Rahmanir Rahim. Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, Mola wa viumbe vyote. Rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad, jamaa zake na masahaba zake. Amma baad.

Ndugu zangu, mama zangu, na nyinyi vijana mliokaa nyuma karibu na mlango: usiku huu tumesoma juzuu ya ishirini, na ndani yake, katika Suratul Qasas, kimepita kisa cha Qaruni. Alikuwa mtu wa kaumu ya Nabii Musa (a.s.), akapewa hazina ambazo funguo zake tu ziliwaelemea watu wenye nguvu. Watu wake walipomnasihi asijivune na awafanyie wengine wema, alijibu kwamba mali hiyo ameipata kwa sababu ya elimu aliyo nayo. Elimu gani? Aya haikuitaja jina, na hapo wafasiri wakapata la kusema. Wako waliosema ni elimu ya biashara, wako waliosema ni elimu ya Taurati, na wako waliosema kwamba Qaruni alikuwa anajua kimiyaa, yaani ufundi wa kugeuza madini duni yakawa dhahabu.

Ibn Kathir, aliyefariki Damascus mwaka 774 Hijria, sawa na 1373, ameitaja kauli hii ya mwisho kisha akaikataa, wala hakuikataa kwa maneno mawili. Hoja yake ni kwamba kukigeuza kitu katika dhati yake kikawa kitu kingine ni kuumba, na kuumba ni kwa Mwenyezi Mungu peke yake. Wanachokiweza mafundi hao ni kukipaka kitu rangi kwa nje, na mtu akidhani ameona dhahabu amedanganywa. Hata hivyo alikuwa mwangalifu. Alilitenga na hayo jambo ambalo Mwenyezi Mungu humjaalia walii wake, kama anavyosimuliwa Haywa bin Shurayh wa Misri, aliyeombwa na maskini naye hana kitu, akaokota donge la udongo, na donge likawa dhahabu. Hiyo ni karama, haina tanuri wala chungu, na haifundishwi.

Basi nataka usiku huu tulifuate neno hilo moja, kimiyaa, tuone lilimaanisha nini kwa wale waliolitumia. Nina sababu. Watoto wetu huku wanasoma somo linaloitwa kemi, na huambiwa kwamba kabla yake kulikuwa na kitu kinachoitwa alkemi: wazee washirikina waliochemsha risasi usiku kucha wakitafuta dhahabu. Kijana mwerevu husikia ile "al" mwanzoni akajua ni ya Kiarabu, akarudi nyumbani na fedheha kidogo, kana kwamba sayansi ni ya wengine na upuuzi ni wetu. Kisha anafungua simu na kumkuta mlinganizi anayemwambia kinyume chake, kwamba Jabir bin Hayyan aligundua kila kitu na Wazungu wakaiba. Kauli zote mbili zinafanya kosa moja, nalo ni kudhani kwamba neno hilo tangu zamani lilikuwa na maana moja tu.

Asili ya neno si ya Kiarabu. Waarabu walilipokea kutoka kwa Wagiriki, wengi wanasema kwa kupitia Wasiria, kisha wakalitia "al" yao. Huko nyuma zaidi wataalamu wanahitilafiana. Wengine wanalirudisha kwenye neno la Kigiriki la kumimina, kwa maana ya kumimina madini yaliyoyeyushwa, na wengine kwenye jina la kale la nchi ya Misri, lenye maana ya ardhi nyeusi. Mimi naiona ya kwanza kuwa na nguvu zaidi, maana inafanana na kazi yenyewe, lakini mwenye kushika ya pili si mjinga.

Sasa tazameni jinsi lilivyotumika. Al-Kindi, aliyeishi Baghdad katika karne ya tatu ya Hijria, aliandika kuwapinga wanaodai kutengeneza dhahabu na fedha. Ungetegemea mtu huyo alikimbie neno lenyewe. Lakini kuna kitabu kinachonasibishwa naye ambacho jina lake ni Kimiyaa ya Manukato na Ukenekaji, kitabu cha kupika marashi na mafuta ya kunukia. Kwa hiyo mtu mmoja alikataa kimiyaa ya dhahabu, na akanasibishiwa kimiyaa ya marashi bila mgongano wowote. Mama zangu waliotoka Pemba hawatashangaa, kwani harufu ya kiwanda cha makonyo pale Wawi, karibu na Chake Chake, wanaijua: mvuke unapita katika vikonyo vya karafuu, unabeba mafuta, unapozwa, mafuta yanajitenga na maji. Waliokaa Oman wamekunywa kahawa iliyotiwa maji ya waridi ya Jabal Akhdar, yanayokenekwa kwa njia hiyo hiyo. Kwa msomaji wa wakati wa Al-Kindi, hiyo ni kimiyaa, na hakuna mshirikina hapo.

Abubakar Ar-Razi, tabibu aliyefariki mwaka 313 Hijria, alimpinga Al-Kindi, kwani yeye aliamini kwamba kugeuza madini kunawezekana. Haya ndiyo mambo yanayowasumbua wanaotaka historia iwe nyepesi. Huyu aliyeamini jambo ambalo leo tunajua halikuwa sahihi kwa njia zake, ndiye aliyeandika Kitabul Asrar, kitabu kilichopanga vitu kwa makundi: vya madini, vya mimea, vya wanyama, kisha vya madini akavigawa tena, kundi la vile vinavyoruka motoni akaviita roho, zebaki na kibiriti vikiwemo, na kundi la metali akaziita miili. Akataja vyombo vya kazi kimoja kimoja, na namna ya kuvitumia. Aliyekuwa sahihi katika hoja, Al-Kindi, hakutuachia katika mlango huo mpango kama ule wa aliyekosea.

Na Jabir? Vitabu vilivyoandikwa kwa jina lake ni vingi kupita kiasi cha umri wa mtu mmoja. Shaka hii haikuletwa na Wazungu. Ibn Nadim, muuza vitabu wa Baghdad, katika orodha yake aliyoiandika mwaka 377 Hijria, alikwisha kutaja kwamba wako wanaosema mtu huyo hakuwepo kabisa. Yeye mwenyewe hakukubaliana nao. Kwa hiyo mlinganizi anayempa Jabir ugunduzi baada ya ugunduzi kwa uhakika, angeshauriwa na watu wa Baghdad wa karne ya nne apunguze sauti.

Ibn Sina naye alisema kwamba mafundi wanaweza kutoa mfano mzuri wa dhahabu hata ukamghilibu mtu, lakini hawawezi kubadili jinsi ya kitu. Maneno yake yalipofasiriwa kwa Kilatini yalibandikwa mwisho wa kitabu cha Aristotle, na wasomaji wa Ulaya wakabishana kwa miaka mingi wakidhani ni ya Aristotle mwenyewe.

Na upande wa tasaufi neno lilipata maana nyingine kabisa. Imam Ghazali, aliyefariki 505 Hijria, aliandika kwa Kiajemi kitabu alichokiita Kimiyaa ya Furaha, akikusudia kuisafisha nafsi mpaka shaba yake iwe dhahabu. Watu wa Hadhramaut, ambao wengi wetu tumesoma kwa walimu wao Lamu, Mombasa na Unguja, wanakijua kitabu cha Sayyid Abdallah bin Abubakar Al-Aydarus wa Tarim, aliyefariki 865 Hijria, kinachoitwa Kibiriti Chekundu. Kibiriti chekundu kilikuwa jina la ile dawa adimu iliyodaiwa kugeuza madini, kisha Waarabu wakalifanya mfano wa kila kitu kisichopatikana, na mashekhe wa tasaufi wakalichukua kwa mtu aliyekamilika.

Kibiriti hicho hicho kimo jikoni kwenu. Lugha yetu imepokea maneno ya mafundi hao na kuyapa kazi za nyumbani. Kwa Kiarabu kibiriti ni lile jiwe la manjano linalowaka. Sisi tukalibakisha jina kwa njiti za kuwashia moto, kwa kuwa za mwanzo zilitiwa kitu hicho. Risasi ni madini mazito laini, tukaliita hivyo na lile linalotoka katika bunduki. Zebaki haikubadilika. Lakini neno linalonipendeza zaidi ni shaba. Kwa Kiarabu, shabah ni shaba ya manjano, na imeitwa hivyo kwa sababu inashabihi, inafanana: imefanana na dhahabu. Mafundi walichukua shaba nyekundu, wakaichoma pamoja na jiwe la tutia, ikatoka ya manjano inayong'aa. Mwenye kuamini akasema tumeanza kuigeuza. Mwenye akili akasema tumepata kitu kipya, tukiuze kwa jina lake. Waswahili tukachukua jina la hicho kinachofanana tukaiita shaba yote. Ndugu zetu wa Kongo wanakumbuka kwamba Katanga, jimbo lenye madini hayo, liliitwa Shaba tangu 1971 hadi 1997. Jimbo zima kwa jina la kitu kinachofanana na dhahabu! (Na kimia, msije mkachanganya, ni wavu wa kurushwa wa wavuvi wetu, hauhusiani na haya.)

Turudi kwenye neno, tulifuate lilivyovuka bahari. Mwaka 1144, Mwingereza aitwaye Robert wa Chester alimaliza kufasiri kwa Kilatini mazungumzo yanayosemwa kuwa ya mtawa Maryanus na Khalid bin Yazid, mwana wa ukoo wa Banu Umayya, akaeleza kwamba alkimia ni jambo ambalo watu wa Kilatini bado hawalijui. Ibn Khaldun, kwa njia, haamini kwamba Khalid alikuwa na elimu hiyo hata kidogo. Liwe lisiwe, neno liliingia Ulaya na "al" yake. Katika karne ya kumi na sita baadhi ya wasomi wao walianza kuikata "al" hiyo kwa sababu za usafi wa Kilatini tu. Kwa muda mrefu chymia na alchymia zilikuwa kitu kimoja: kutengeneza dawa, kupima mawe ya madini, kukeneka, na kutafuta dhahabu pia, vyote katika chumba kimoja na mara nyingi kwa mkono wa mtu mmoja. Robert Boyle, ambaye watoto wetu husomeshwa habari zake, aliandika kitabu chake maarufu mwaka 1661 na bado alikuwa akitafuta kugeuza madini. Ni mwishoni mwa karne ya kumi na saba na katika ya kumi na nane ndipo watu walipoamua kwamba lenye "al" liwe la upuuzi na lisilo nayo liwe la elimu. Mwaka 1998 wanahistoria wawili wa Marekani, William Newman na Lawrence Principe, waliandika kwamba mpaka huo umepachikwa baadaye, na wakashauri kutumia tahajia ya zamani kwa kazi za wakati ule, ili msomaji asizigawe kabla wenyewe hawajazigawa.

Hata mji huu tunaoishi unashuhudia. Mwaka 1683 serikali ya Uswidi ilifungua hapa Stockholm maabara iliyoitwa kwa Kilatini Laboratorium Chymicum, chini ya tabibu Urban Hjärne. Kazi zake zilikuwa dawa na upimaji wa madini. Kisha mwaka 1705 akatekwa jenerali mmoja, Otto Arnold von Paykull, mzaliwa wa Livonia, nchi iliyokuwa chini ya Uswidi, akiwa anapigana upande wa Saksonia. Akahukumiwa kifo kwa uhaini. Akiwa gerezani Stockholm alitoa ahadi: aachiwe uhai, naye atamtengenezea mfalme dhahabu. Majaribio yalifanywa, na Hjärne mwenyewe, mkuu wa maabara, alikuwa miongoni mwa walioyachukua kwa uzito. Mfalme Karl wa Kumi na Mbili, aliyekuwa vitani mbali na nchi, hakukubali kubadili hukumu, na Paykull akakatwa kichwa mwezi wa Februari 1707. Ndani ya mji mmoja na kizazi kimoja, neno lile lile lilikuwa juu ya mlango wa maabara ya serikali na katika ombi la mfungwa. Miaka sabini baadaye, 1777, mfamasia wa Köping aitwaye Carl Wilhelm Scheele alichapisha kitabu chake kuhusu hewa na moto, ambamo alieleza hewa tunayoiita oksijeni. Vyombo vyake vilikuwa chupa, vibofu vya wanyama na tanuri. Ar-Razi angeingia chumba kile asingeuliza jina la chombo hata kimoja.

Sasa nije kwa Ibn Khaldun, kwani yeye ndiye aliyeliona jambo hili kama lilivyo katika jamii. Katika Mukadima, aliyoiandika mwaka 1377, ameweka mlango mzima wa kuipinga kimiyaa ya dhahabu. Anasema wengi wanaoifuata ni wale walioshindwa kupata riziki kwa njia za kawaida: kilimo, biashara, kazi za mikono. Anatoa na mfano wa kuchekesha: Ibn Sina aliyekataa kimiyaa alikuwa waziri na mtu wa mali, na Al-Farabi aliyeikubali alikuwa fakiri. Anaongeza hoja ya soko: dhahabu na fedha zimekuwa kipimo cha thamani kwa sababu ni adimu, na kama zingetengenezwa jikoni kipimo kingevunjika na watu wasingepata cha kukimbilia. Kisha anasimulia habari za wanafunzi wa dini aliowajua huko Maghrib, waliopaka fedha dhahabu au shaba fedha, wakajificha katika misikiti ya mashambani na kuwahadaa matajiri kwamba wanajua siri.

Misikitini, ndugu zangu. Hakusema vilabuni.

Watu hao hawajafa. Nairobi mchezo wao unaitwa wash wash: karatasi nyeusi, dawa katika chupa, na ahadi kwamba zikioshwa zitatoka dola. Mwaka 2009 huko Saudia ulivuma uzushi kwamba cherehani kuukuu za Singer zina ndani yake zebaki nyekundu, na watu wakazinunua kwa bei za ajabu. Zebaki nyekundu ni mjukuu wa kibiriti chekundu, jina tu limevaa koti la maabara. Na wako miongoni mwetu, hapa Farsta na vitongoji vya jirani, waliopigiwa simu na mtu mwenye sauti ya upole, anayeanza kwa salamu na aya, kisha anataja vumbi la dhahabu lililokwama bandarini, na kronor elfu chache za kulikomboa. Simtaji mtu. Aliyeliwa fedha zake hana haja ya kuongezewa aibu, na nimeona nyumba ambamo mume na mke hawasemezani kwa ajili ya jambo hili. Lakini nasema wazi kwamba salamu na aya si mizani. Akikuomba fedha kwanza ili akupe dhahabu baadaye, muulize swali ambalo Ibn Khaldun angeuliza: mwenye dhahabu anataka nini kwa kronor zako?

Wanavyuoni wetu hawakumhukumu mtu kwa neno kimiyaa. Ibn Taymiya aliyekaza sana katika suala hili, alikaza kwa sababu aliiona dhahabu hiyo kuwa ni ghushi inayopitishwa kwa watu. Hukumu ilikuwa juu ya ghushi. Na neno hili pia ni letu: kughushi. Bwana Mtume (s.a.w.) alipopita sokoni aliingiza mkono katika rundo la chakula, vidole vikakuta unyevu chini ya juu pakavu. Mwenye chakula akasema kilinyeshewa na mvua. Akaulizwa kwa nini basi hakukiweka kile kilichoroa juu, watu wakione. Hakukatazwa kuuza kilichoroa, alitakiwa kionekane. Fundi anayeichoma shaba ikawa ya manjano na kuiuza kwa jina la shaba hana lawama. Anayeiuza kwa jina la dhahabu ndiye aliyekusudiwa.

Limefika swali la maandishi kutoka upande wa akina mama, nalo limeingia katika mlango huu huu, kwa hiyo nitalijibu hapa kabla hatujainuka. Muulizaji ana dhahabu iliyochanganywa na madini mengine, anataka kujua zaka yake. Pambo halali linalovaliwa, kwa kauli yenye nguvu katika madhehebu ya Shafi, halina zaka. Madhehebu ya Hanafi wanaona lina zaka. Tuseme basi ni dhahabu ya akiba, vipande vilivyowekwa kabatini na kukamilisha mwaka. Kwa Shafi, dhahabu iliyochanganywa haiingii katika zaka mpaka ile safi iliyo ndani yake itimize nisabu, nayo ni mithkali 20, takriban gramu 85. Karati ndizo zinazokuambia kiasi kilicho safi, kati ya 24. Mwenye gramu 100 za karati 18 ana gramu 75 safi. Hazijafika, hana zaka juu yake. Mwenye gramu 100 za karati 21 ana gramu 87.5 safi, zimefika, atatoa asilimia 2.5, nayo ni kama gramu 2.2 za dhahabu safi au thamani yake ya siku hiyo. Na kama hajui karati zake, kwa kuwa alinunua zamani Darajani au Dubai na risiti imepotea, aende kwa sonara mwenye kipimo, akae mbele yake mpaka apime, na aandikiwe.

Wallahu aalam. Wabillahi taufiq.